Zheng He, Mwislamu Aliyekuwa Mjumbe wa Mfalme wa Uchina

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, na jamaa zake na sahaba zake.

Ama baada ya hayo. Mtu atokaye msikiti wa Jamia hapa Nairobi baada ya sala ya Ijumaa, akaelekea magharibi kwenda Westlands, hapana budi ataiona ile barabara ya juu ipitayo juu ya nguzo, iliyojengwa na kampuni ya Kichina na kufunguliwa mwaka 2022. Akishika njia ya Kilimani atapita karibu na ubalozi wa Uchina, ulioko barabara ya Woodlands, na katika maduka na mikahawa ya mitaa hiyo atakisikia Kichina kikisemwa. Chuo Kikuu cha Nairobi nacho kina taasisi ya kufundishia lugha hiyo tangu mwaka 2005. Na kila zinapotolewa hotuba za urafiki baina ya nchi hizi mbili, ni nadra kukosa kutajwa jina la mtu mmoja aliyekufa karibu miaka mia sita iliyopita, naye ni Zheng He.

Katika darasa yetu hapa Nairobi, ambayo wengi wetu ni watu tuliotoka Lamu, Malindi na Mombasa, vijana wametuuliza juu ya mtu huyu. Mmoja alisikia kwamba yeye ndiye aliyeuleta Uislamu katika mwambao wetu. Mwingine aliambiwa kwamba alikuwa walii, na kwamba kuna mahali watu huenda kumwomba. Wa tatu alisema kwamba hakuwa Mwislamu kabisa, bali sisi twajipendekeza kwa jina lake kwa kuwa ni kubwa. Kwa hiyo tumeona yapasa kuyaeleza maisha yake kama yalivyothibiti, bila ya kumwongezea wala kumpunguzia. Mwislamu haruhusiwi kusema uwongo hata kwa kuusifu Uislamu.

Zheng He alizaliwa mwaka 1371, sawa na mwaka 773 wa Hijra au karibu yake, katika mji wa Kunyang, jimbo la Yunnan, kusini-magharibi ya Uchina. Jina lake la utotoni lilikuwa Ma He. Hilo Ma ni jina la ukoo, na Waislamu wengi wa Uchina hulitumia, kwani lakaribiana na mwanzo wa jina la Mtume wetu. Baba yake aliitwa Haji, na babu yake pia aliitwa Haji, maana wote wawili walikwenda Makka. Na afikiriye umbali wa Yunnan na Makka kwa miguu, kwa wanyama na kwa majahazi ya zama zile atafahamu kwamba hawakuwa watu wa dini ya mdomoni. Nasaba yao yasemekana yafika kwa Sayyid Ajall Shamsuddin Umar wa Bukhara, aliyekuwa liwali wa Yunnan katika zama za ufalme wa Wamongoli. Jiwe la kaburi la baba yake, lililoandikwa mwaka 1405, lamtaja kuwa mtu mwenye kuwasaidia maskini na wasiojiweza.

Alipokuwa mtoto wa miaka kama kumi, majeshi ya ufalme mpya wa Ming yaliingia Yunnan kuwaondoa Wamongoli waliosalia huko. Vita vilikuwa mwaka 1381 na 1382. Baba yake alikufa mwaka huo wa 1382, naye umri wake miaka 39. Mtoto alitekwa, akahasiwa pamoja na watoto wengine wa mateka, akapelekwa kuwa mtumishi katika nyumba ya mwana wa mfalme, jina lake Zhu Di, aliyekuwa akitawala upande wa kaskazini, katika mji ambao leo ni Beijing.

Hapa twapenda tusimame kidogo. Kumhasi binadamu ni haramu katika dini yetu, na ni dhuluma iliyo wazi kwa kila mwenye akili. Walakini sisi watu wa mwambao tusilisome jambo hili kama kwamba ni aibu ya wenzetu peke yao. Majumba ya wafalme wengi wa Kiislamu yalijaa matowashi, na katika bandari zetu wenyewe watoto waliotekwa bara waliuzwa kwa miaka mingi, na waliowanunua walikuwa watu wenye kusali. Atakayemhurumia mtoto wa Kunyang na asimhurumie mtoto aliyetoka Nyasa huruma yake haijatimia.

Mtoto yule akakua. Mwaka 1399 bwana wake Zhu Di aligombana na mpwa wake aliyekuwa amekalia kiti, vikawa vita vya miaka mitatu, na mwaka 1402 Zhu Di akashinda akawa mfalme, akajulikana kwa jina la Yongle. Ma He alikuwa pamoja naye vitani, akadhihirisha ushujaa na akili. Kwa sababu hiyo mwaka 1404 mfalme akampa jina jipya la ukoo, Zheng, akamfanya mmoja wa wakubwa wa watumishi wa jumba la kifalme. Hivyo ndivyo Ma He alivyokuwa Zheng He. Jina la baba zake liliondoka katika karatasi za serikali, wala haikuwa kwa kutaka kwake.

Mwaka uliofuata, 1405, mfalme alimpa kazi ambayo kwayo ametajika. Alimweka kuwa mkubwa wa msafara wa marikebu kwenda nchi za Bahari ya Magharibi, ndiyo hii Bahari ya Hindi yetu. Safari ile ya kwanza ilichukua watu wapatao 27,800, nao si mabaharia na askari peke yao. Walikuwamo matabibu, makarani, wakalimani, mafundi na wapishi. Kumeandikwa mengi juu ya ukubwa wa marikebu zake, na wataalamu hawajaafikiana juu ya vipimo vilivyomo vitabuni, maana wengine waona ni vikubwa mno kwa chombo cha mbao. Lililo hakika ni kwamba mwaka 1957 ulifukuliwa mti wa usukani katika kiwanda cha zamani cha marikebu mjini Nanjing, na urefu wake wapita kidogo mita 11. Nahodha yeyote wa Lamu aupimapo mti huo kwa usukani wa jahazi lake atafahamu kwamba vyombo vile havikuwa vidogo.

Safari zake zilikuwa saba, toka mwaka 1405 hata 1433. Zile tatu za mwanzo zilifika Champa, Java, Malacca, Sumatra, Ceylon na Calicut. Ya nne, iliyoanza mwaka 1413, ilifika Hormuz katika Ghuba. Ya tano, toka 1417 hata 1419, ilifika Aden, Mogadishu, Barawa na Malindi. Ya sita ilikuwa 1421 na 1422, na ya saba ikang'oa nanga mwaka 1431.

Kazi yake ilikuwa ya ujumbe. Alichukua barua za mfalme wake na zawadi za hariri na vyombo vya kaure, akawapa wafalme wa bandari, akawataka wamtambue mfalme wa Uchina kuwa mkubwa wao na wapeleke wajumbe wao kwake na zawadi zao. Aliyekubali alipata biashara na heshima. Hakuzitawala nchi alizozifikia wala hakujenga ngome kama walivyofanya Wareno baada yake. Lakini wale wasemao kwamba safari zake zilikuwa za amani tupu, nao pia hawakusoma sawasawa. Mwaka 1407 alipigana huko Palembang na Chen Zuyi, mkubwa wa wanyang'anyi wa baharini, akamkamata, akapelekwa Uchina kuuawa. Huko Ceylon alipigana na mfalme wa nchi, na mwaka 1411 akampeleka Uchina mateka, kisha mfalme Yongle akamwachilia. Mwaka 1415 alimkamata pia mtu mmoja wa Sumatra, jina lake Sekandar, aliyekuwa akigombea ufalme wa Samudra. Mjumbe ajaye na maelfu ya askari husikilizwa kwa adabu, na adabu hiyo haitoki katika mapenzi peke yake.

Huenda msomaji akauliza kwa nini mfalme asiyekuwa Mwislamu alimchagua Mwislamu. Yeye alimwamini kwa utumishi wake wa miaka mingi, na zaidi ya hayo bandari nyingi za bahari hii zilikuwa mikononi mwa Waislamu, na lugha za biashara zilikuwa Kiarabu na Kiajemi. Zheng He akawatafuta Waislamu wenziwe kumsaidia. Mwaka 1413 alimchukua Hasan, aliyekuwa imamu wa msikiti mmoja wa Xi'an, awe mkalimani. Na katika wakalimani wake alikuwamo Ma Huan, Mwislamu mwenye elimu, ambaye aliandika kitabu juu ya nchi alizoziona, na lau si kitabu hicho na vingine viwili vya wenziwe tungalijua machache sana. Waislamu hawa walikuwa wachache katika nchi yao, walakini walipewa kazi kubwa kwa kuwa walijua wasichokijua wengine.

Sasa tuje katika mwambao wetu. Mwaka 1414 mfalme wa Bengal alimpelekea mfalme wa Uchina twiga, mnyama ambaye Wachina hawajapata kumwona, na ambaye hapana shaka asili yake ni bara yetu ya Afrika. Wakamdhania kuwa ni yule mnyama wa baraka atajwaye katika hadithi zao za kale kwa jina la qilin, ambaye huonekana mfalme anapokuwa mwadilifu. Wakamchora picha. Mwaka 1415 wakaja wajumbe wa Malindi na twiga mwingine, na mfalme akatoka kumpokea kwa heshima kubwa. Safari ya tano ilipoondoka mwaka 1417 iliwarudisha wajumbe wa nchi nyingi makwao. Mawe aliyoyaandikisha Zheng He mwenyewe mwaka 1431 yataja kwamba Mogadishu walitoa punda milia na simba, na Barawa wakatoa ngamia na mbuni. Malindi haikutajwa katika mawe hayo, bali imetajwa katika taarikh ya ufalme wa Ming.

Je, yeye mwenyewe alikanyaga Malindi? Msafara wake ulikuwa na desturi ya kugawanyika, marikebu hizi zikaenda huku na nyingine kule, na hapana andiko lisemalo waziwazi kwamba yeye mwenyewe alishuka pwani yetu. Mwaka 2010 wachimbuzi wa Kenya na wa Uchina walipata Mambrui sarafu iliyofuliwa katika enzi ya Yongle, na mwaka 2013 ikapatikana nyingine kama hiyo katika kisiwa cha Manda. Sarafu hizo ni ushahidi kwamba vitu vya Uchina vya zama hizo vilifika. Lakini sarafu hupita mikono mingi, wala haisemi ni nani aliyeileta.

Na wale wasemao kwamba Zheng He ndiye aliyeuleta Uislamu kwetu wamekosea kosa kubwa. Huko Shanga, katika kisiwa cha Pate, imefukuliwa misikiti ya zamani, mmoja juu ya mwingine, na wa mwanzo ni wa karne ya nane. Ibn Battuta alizuru Mogadishu, Mombasa na Kilwa mwaka 1331, akawakuta wazee wetu wakisali na makadhi wakihukumu, miaka arubaini kabla ya Zheng He kuzaliwa. Hatuna haja ya kuazima mwanzo wa dini yetu kutoka kwa mgeni, awe Mchina au mwingine.

Limebaki swali la dini yake, nalo ndilo zito. Twataja kwanza yaliyo upande wa Uislamu wake. Alizaliwa katika nyumba ya Kiislamu, na mwaka 1405 aliwekesha jiwe la kaburi la baba yake lenye kumtaja kwa jina la Haji. Mwaka 1430 msikiti wa Jingjue mjini Nanjing ulipoungua, yeye ndiye aliyeomba ruhusa kwa mfalme ili ujengwe tena, akakubaliwa, na msikiti huo ungaliko. Katika safari ya saba walipelekwa watu saba kutoka Calicut kwenda Makka, wakarudi baada ya mwaka na picha ya Al-Kaaba. Na waandishi wa Misri wamesema kwamba mwaka 835 wa Hijra vyombo kutoka Uchina vilifika Aden, wakubwa wake wakaomba ruhusa ya kuingia Jidda, na Sultani Barsbay akatoa amri wapokewe vizuri.

Upande wa pili pana mambo ambayo Mwislamu hayasomi ila kwa huzuni. Katika mji wa Galle, huko Ceylon, lilionekana mwaka 1911 jiwe lenye tarehe ya 1409, limeandikwa kwa lugha tatu. Kwa Kichina limetaja sadaka kwa Buddha, kwa Kitamil sadaka kwa mungu wa Wahindu, na kwa Kiajemi limemtaja Mwenyezi Mungu. Mwaka 1417 alikwenda Quanzhou kufukiza ubani katika makaburi ya Waislamu wa kale, kabla ya kusafiri. Na mwaka 1431 alisimamisha mawe ya kumshukuru mungu wa kike wa bahari, Tianfei, ambaye mabaharia wa Kichina walimwomba wakati wa tufani. Aliwekwa pia kusimamia umalizaji wa hekalu kubwa la Kibuddha huko Nanjing.

Tutasemaje? Wapo wasemao kwamba aliyafanya hayo kwa amri ya mfalme, na kwamba mjumbe hufuata desturi ya aliyemtuma. Huenda ikawa ndivyo. Mtoto aliyechukuliwa katika umri wa miaka kumi, akalelewa katika jumba ambalo neno la bwana wake ndilo lililoamua kuishi kwake au kufa kwake, si sawa na mtu huru aliyesoma dini kwa wanavyuoni. Sisi hatumkufurishi mtu aliyekwenda mbele ya Mola wake, wala hatuyajui yaliyomo nyoyoni. Walakini kitendo kisicho sawa hakigeuki kuwa sawa kwa kuwa mwenye kukitenda ni mtu mashuhuri. Asije mtu akachukua jiwe la Galle likawa hoja ya kuchanganya tauhidi na shirki. Twamheshimu Zheng He kwa akili yake na uhodari wake, na katika dini twamfuata Mtume.

Na lipo jambo ambalo kila tulifikiripo latutia majonzi. Babu yake alihiji, na baba yake alihiji, nao walikuwa watu wa bara ya mbali. Yeye aliongoza misafara mikubwa kuliko yote ya zama zake, marikebu zake zikafika Hormuz na Aden, wakalimani wake wakaingia Makka. Na hapana andiko lolote lisemalo kwamba yeye mwenyewe alihiji.

Mfalme Yongle alikufa mwaka 1424. Mwanawe aliyefuata akazisimamisha safari, na mwaka 1425 Zheng He akawekwa kuwa mlinzi wa mji wa Nanjing. Miaka sita ikapita kabla hajatoka tena baharini kwa safari ya saba, naye ana umri wa miaka 60. Wengi wasema kwamba alikufa mwaka 1433 katika safari hiyo, ama Calicut ama njiani, na wengine wasema alirejea akafa mwaka 1435. Kaburi lake liko katika mlima wa Niushou, karibu na Nanjing, nalo lilijengwa upya mwaka 1985 kwa mtindo wa Kiislamu, ingawa wengi waona kwamba mwili wake haumo. Baada yake safari zile kubwa zilikoma. Mwaka 1498, miaka 65 tu baada ya safari ya mwisho, Vasco da Gama akatia nanga Malindi, na mfalme wa mji akampokea kwa ukarimu kama walivyopokewa wageni waliotangulia. Yaliyofuata yajulikana na kila mtu wa pwani.

Sasa twamjibu kijana wetu aliyesikia kwamba Zheng He huombwa. Ni kweli. Huko Semarang, katika kisiwa cha Java, limo hekalu liitwalo Sam Poo Kong, ambalo watu humfukizia ubani na kumwomba haja zao. Mwana wa Haji na mjukuu wa Haji amefanywa mungu. Wala halikuanza kwa kusema kwamba yeye ni mungu; hapana shaka lilianza kwa heshima, ikafuata ziara, ikafuata nadhiri, kisha wakaja watoto wasiojua mwanzo wa jambo. Nasi tuangalie makaburi ya kwetu, toka Lamu hata Vanga: vitambaa vinavyofungwa, udi unaofukizwa, na mama aliyekosa mtoto akimwita maiti kabla ya kumwita Mola wake. Kumzuru maiti kwa kumwombea dua ni sunna. Kumwomba yeye ni jambo jingine kabisa, na mwisho wake tumeuona Semarang.

Neno letu la mwisho ni hili. Kila tulichokijua juu ya twiga wa Malindi tumekijua kwa maandishi ya Wachina. Wajumbe wa Malindi walivuka bahari, wakasimama mbele ya mfalme mkubwa kuliko wote wa zama zile, wakarudi makwao baada ya miaka. Na hapana karatasi hata moja ya Kimalindi iliyobaki kutuambia majina yao, wala waliyoyaona, wala waliyoyaafiki. Kwa hiyo mgeni ajapo leo Nairobi na kutusimulia habari ya urafiki wetu wa kale, sisi hatuna letu la kuweka mkabala na lake, ila kuitikia. Tuwafundishe watoto wetu kusoma na kuandika, na lugha za watu, Kichina kikiwa kimojawapo. Na wenye hati za zamani majumbani, za Kiarabu au za Kiswahili, wasiziachie mchwa, bali wazipeleke mahali pa kuhifadhiwa. Wajukuu wetu nao wataulizwa siku moja ni nini tulichokubaliana na wageni wa zama hizi, na itafaa wawe na cha kusoma.

Twamwomba Mwenyezi Mungu atuonyeshe haki tuifuate, na atuonyeshe batili tuiepuke. Amin.